Mpiga Tarumbeta wa Misibani

Tarumbeta ililia nyuma ya magunia ya mihogo, meli yetu ya Nansio ikikaribia Mwanza. Nilipochungulia, mama mmoja alikuwa amemtambua mpigaji. "Shikamoo. Si wewe Ndalahwa, wa bendi ya kiwanda cha pamba?"

"Marahaba. Kiwanda kimeuzwa, bendi imevunjwa. Siku hizi napiga misibani."

"Mwanangu anaolewa Jumamosi, Igogo. Njoo upige."

"Watafutie mpiga kinanda cha umeme, mama. Meno ya mbele sina, sauti za juu zinanitoroka. Msibani zinatosha za chini."

"Kumbe umewachagua wasioweza kulalamika!"

Mimi ninayejisifu kwa mashairi nilitamani neno lile lingekuwa langu. Mzee alicheka mpaka meli ikagusa gati.

"Jumamosi nitakuja," alimwambia. "Zikinitoroka, wewe utaziimba."