Severin Rwegoshora na Daftari Linaloingia Naye Kaburini

Ndugu waombolezaji, ninayesoma ni Adelina, mdogo wake marehemu. Watu wawili wameniomba, kila mmoja kwa wakati wake na kwa upole uleule, niruke habari za Mvundo. Siruki. Asiyetaka kuzisikia atazame miti, iko mingi hapa makaburini.

Marehemu Severin Rwegoshora alizaliwa tarehe 14 Machi 1938 huko Kamachumu, Bukoba, mtoto wa tatu wa Mzee Ladislaus na Mama Theresia. Alisoma shule ya misheni palepale hadi mwaka 1953, kisha akasomea mambo ya ushirika. Kazi yake ya nyumbani ilikuwa kuvundika ndizi: kuchimba shimo, kutandika majani, kufunika, na kuwafukuza wadogo zake wasifunue kuchungulia. Mimi nilifukuzwa mara nyingi.

Tarehe 9 Septemba 1967 alifika Stockholm kwa mafunzo ya miaka miwili ya kuhifadhi matunda, akaajiriwa katika ghala la ndizi kusini mwa mji. Wiki ya Krismasi ya 1969 mtambo wa kuivishia uligoma. Marehemu akayafunika makasha kwa nyasi kavu na mablanketi, kama mama alivyomfundisha. Msimamizi akauliza amefanya nini. Severin hakujua “kuvundika” inasemwaje Kiswidi, akapitia kamusi mbili, akaangukia “kuvunda”, akajibu kwa fahari: “Jag har ruttnat alla bananer!” Yaani, nimeozesha ndizi zote. Yule mzee nusura azirai. Siku ya nne makasha yalifunguliwa, ndizi njano tupu.

Kosa hilo ndilo lililozaa Mvundo, nchi aliyoibuni akaiandika kwa miaka tisa katika daftari moja jeusi. Huko hakuna kinachopakwa vanishi. Ngoma kuu ikizeeka, mfalme akifa, hata sala ikichakaa midomoni, watu huvivundika shimoni chini ya majani ya mgomba. Kisha huketi kando wakiimba, na hakuna anayeziba pua, kwa sababu harufu ile ni jina la aliyekufa linalotoka kumtafuta mtoto wa kukaa naye. Majirani zao, Wakavu, huwatia wafalme wao chumvi wasioze. Wafalme arobaini wameketi ukumbini, wazuri kabisa, na hakuna mtoto anayepata jina.

Padre anasema huo ni upagani. Kwa heshima zote, Severin alihudhuria misa kila Jumapili mpaka miguu ilipokataa, na hakuuogopa udongo ambao padre mwenyewe hutukumbusha kila Jumatano ya Majivu.

Tarehe 6 Juni 1970 alifunga ndoa na Wamaitha, binti wa Nyeri aliyekuwa akisomea uuguzi. Wifi yangu husema alimkubali kwa sababu ndiye mwanamume pekee Stockholm aliyejua tunda limefikia wapi bila kulibonyeza. Waliishi Skärholmen, wakajaliwa Agripina mwaka 1971 na Zephania mwaka 1974.

Februari 1978 figo zake zilianza kushindwa. Alipoona hali si nzuri, aliagiza daftari liingie naye kaburini. Bwana Mashauri, mwenyekiti wa chama chetu cha hapa Stockholm, alinifuata mpaka nyumbani kwangu Märsta: “Dada Adelina, hii ni hazina yetu. Tuiweke kwenye kabati la vioo.” Sitawaficha, moyoni nilikubaliana naye. Ndiyo maandishi pekee ya kaka yangu, na niliyataka.

Jumapili tarehe 30 Septemba mwaka huu, hospitalini, marehemu alimwambia Agripina, “Haya, leo nisimulie wewe.” Mtoto akasimulia habari za Mvundo, alizozoea kusimuliwa na baba yake, nusu Kiswahili nusu Kiswidi. Alipofika kwa Wakavu akasema msichana wao mmoja aliiba chumvi yote akaimwaga barabarani kuyeyusha barafu, na wafalme arobaini wakaoza siku moja kwa furaha. Hayo hayamo daftarini. Severin alicheka mpaka muuguzi akaja mbio.

“Blev det fel, pappa?” Agripina akauliza, akidhani amekosea.

“Hapana, mama. Imeiva. Sasa waache wafunike.”

Alifariki Jumatano tarehe 3 Oktoba 1979, saa nne asubuhi, akiwa na miaka arobaini na mmoja. Nimemlilia na bado ninamlilia.

Kwa hiyo, Bwana Mashauri, kabati litabaki tupu. Jeneza hili ni la msonobari mtupu, halikupakwa kitu. Daftari liko chini ya mkono wake wa kulia, na aliyeliweka ni Agripina. Mwenye shida na hilo azungumze na mimi, si na mtoto.

Ameacha mjane, Wamaitha. Watoto, Agripina na Zephania. Mama yetu, Theresia, huko Kamachumu. Na mimi, ambaye safari hii sitafunua kuchungulia.

Avunde kwa amani, mpaka aive.