Bi Inge Toftlund na Tuta la Kwao

Baada ya miaka ishirini na tisa ya kuchora na kufundisha katika Karakana ya Mandhari hapa Troyeville, Bi Inge Toftlund anastaafu rasmi Ijumaa, tarehe 28 Novemba 2025, saa kumi jioni, mara tu baada ya keki. Wiki sita zilizopita sentensi hiyo ningeiandika kwa huzuni, maana kamati ilikuwa imeshaamua: akiondoka bila mrithi, darasa la mandhari linafungwa na chumba chake kinageuzwa stoo. Leo naiandika kwa furaha. Mimi ni Burhani, fundi fremu wa karakana. Picha zake karibu zote zimepita mikononi mwangu, kwa hiyo mnivumilie nikisifu kupita kiasi.

Bi Inge alizaliwa mwaka 1955 pwani ya magharibi ya Denmark, kwenye tambarare ambako, kwa maneno yake, ng'ombe mmoja akisimama anaziba mandhari yote. Alisomea uchoraji Copenhagen, akajijengea jina kwa picha za majani na mawingu, na mwaka 1996 akaja Johannesburg kwa miezi mitatu tu, kuchora nyasi za huku zikiwa kavu. Miezi mitatu hiyo haijaisha mpaka leo.

Alichora Midrand wakati sehemu kubwa bado ni nyasi. Moja ya picha hizo imetundikwa kwenye mapokezi ya ghala lililojengwa juu ya nyasi zile zile, na wafanyakazi wa pale huulizana hiyo ni nchi gani. Mvua ya mawe ikianza, sisi tunakimbilia ndani. Yeye hukimbilia nje na sufuria kichwani, kwa hoja kwamba wingu la namna ile halipiti mara mbili. Sufuria ni ya jikoni kwetu, na mabonde yake kila mtu anayajua.

Kiswahili alikiokota Yeoville na Troyeville, kwa Wakongo na kwa sisi wa Tanga na Unguja, ndiyo maana sentensi yake huanzia Bukavu ikaishia Forodhani. Na ni Kiswahili hicho kilichompa kazi yake kubwa, kwa kosa. Mwaka 1998 Clémentine, msusi kutoka Bukavu, alikuwa anajiandaa kufungua saluni Yeoville. Akamwuliza Bi Inge anafanya kazi gani. Bi Inge alitaka kusema mchoraji. Likamtoka neno "mpaka rangi". Clémentine akamshukuru Mungu kwa sauti, akamkabidhi ndoo mbili za rangi nyeupe.

Mtu mwingine angejitetea. Yeye alizipiga kuta tatu rangi, mikono miwili miwili, na alipofika ukuta wa nyuma akamwomba mwenye saluni amsimulie kwao kulivyo. Ziwa Kivu, ambalo hajawahi kulitia machoni, likaanza kujitokeza ukutani. Saluni ilifunguliwa kazi ikiwa bado inaendelea, na Clémentine alikuwa akimsahihisha huku anasuka: "Mama, kisiwa iko karibu sana. Usukume kule kidogo!" Kisiwa kilisukumwa mara nne.

Kuanzia hapo darasa lake likawa hivyo. Aliye mbali na kwao anakaa kitini na kusimulia. Mwanafunzi anachora mahali asipopajua. Mwenye kwao anarudi kusahihisha mpaka akose la kusema. Wamekaa pale watu wa Bukavu, Uvira, Tanga, Pemba. Sijamwona hata mmoja akikiri kwamba picha imekamilika bila kujifuta macho.

Sharti la Bi Inge kwa mrithi wake lilikuwa hilo hilo, ila kwa mkupuo mmoja: picha ikishamalizwa, msimulizi asikute hata kitu kimoja cha kurekebisha. Kamati ililalamika kwamba ni sharti la kumfukuzia watu. Alijibu kwamba darasa likiendeshwa na asiyejua kusikiliza, heri hiyo stoo. Mwaka 2021 nilijaribu mimi. Nilisimuliwa Ziwa Kivu na Clémentine mwenyewe, nikachora kwa moyo wote, na ufukweni nikaweka mnazi. Clémentine alicheka hadi akakaa chini. Mkono wangu ulikuwa umekwenda Tanga wenyewe bila kuniaga. Baada yangu wakaanguka wengine watano.

Mwezi uliopita ikabaki nafasi moja, ya Murielle, binti wa Clémentine. Ana miaka ishirini na sita na amezaliwa hapa hapa Johannesburg. Kiswahili anakielewa chote, ila hujibu kwa Kiingereza, na akikasirika kwa Kizulu. Nakiri kwamba hatukumdhania. Tena safari hii Bi Inge aliamua kukaa kitini yeye mwenyewe, kwa mara ya kwanza katika miaka yote hiyo, kwa sababu hakumjua hakimu mkali kuliko yeye. Alisimulia nyumba ya matofali mekundu yenye paa la matete, anga kubwa, bahari ya kijivu, na kabla ya bahari tuta, kondoo wamelala juu yake.

Murielle alichora siku tisa. Alipofunua picha, tukaangaliana. Ukumbini kwetu kuna picha sita za Bi Inge za pwani ya kwao, na katika zote tuta hilo la kuzuia bahari limeinuka kama mlima. La Murielle lilikuwa kituta tu, cha mviringo, kondoo watatu wamejibana juu yake. Bi Inge aliisogelea picha, nami nikaanza kuiona stoo. Akauliza mbona tuta ni fupi hivyo.

"Eish, Mama Inge, si ulisema tuta? Tuta ni ile ya barabarani, ya kupunguza magari!"

Ilikuwa sentensi yake ya kwanza ya Kiswahili tuliyowahi kuisikia. Bi Inge alikwenda ukumbini, akashusha moja ya picha zake, akaiweka kando ya ile mpya. Aliziangalia zote mbili, kisha akaanza kulia. "Njo hili, ndilo lenyewe," alisema. "Mtu analivuka kwa hatua chache tu. Hilo langu nililirefusha kila mwaka, kwa hamu ya nyumbani." Akamkabidhi Murielle funguo za darasa. Tulipiga makofi na kelele mpaka jirani akaja kuuliza kuna nini.

Bi Inge, ahsante kwa picha zaidi ya mia nne, kwa ukuta wa Yeoville, na kwa kutuchorea kwetu kila mmoja bila kuchoka kusahihishwa. Mwezi Januari unarudi kuliona hilo tuta kwa macho. Tunakuombea afya, miguu ya kulipandia na mawingu ya kutosha. Uishi vyema huko, na mlango wa huku uko wazi.

Murielle amesaini mkataba. Darasa la mandhari linaendelea Jumatatu saa tatu asubuhi, na mwalimu mpya ameomba lifundishwe kwa Kiswahili.