Mzee Pinnock Anavua Kichwa cha Punda

Hapana, hajafa. Anastaafu tu. Nyie mkiona picha ya mzee kwenye karatasi ya programu, mshaanza kuuliza mazishi saa ngapi. Mzee Hezron Pinnock yuko hai, anakula mbuzi wa bizari pale meza ya mbele, na leo, tarehe mosi Desemba, anaacha kazi baada ya miaka arobaini na mbili ndani ya kichwa cha punda cha kikundi chetu cha Jonkonu, ngoma ya vinyago ya Krismasi.

Kazi yenyewe mnaijua. Unainama chini ya fuvu la punda, unajifunika shuka, unavuta kamba, taya linalia kla-kla, watoto wanakimbia na mama zao wanawapita mbio. Mimi nauza karanga na kushika kopo la michango la kikundi, nimemfuata nyuma miaka yote, na nawaambia wazi: hajui kucheza. Siku ya harusi yake alimkanyaga mkewe, Mama Icilda, mpaka bibi harusi akaomba kiti. Lakini muweke chini ya lile fuvu uone. Punda anafufuka.

Na aliyevaa kichwa haongei, ndiyo sheria. Mwaka ule nyuki walimwingia ndani ya shuka, akarukaruka kimya hadi darajani, sisi tukadhani ni mtindo mpya.

Mwaka jana akaja Bwana Everard Tulloch, ofisa utamaduni, mtu wa viatu vyeupe aliyejifunza ngoma zetu akiwa amekaa. Mbele ya wageni wa hoteli akasogeza maikrofoni kwenye taya, punda aeleze maana ya mila. Punda akageuza shingo.

"Sema kidogo tu, mzee wangu. Wamelipa."

Punda akaing'ata maikrofoni, akaondoka nayo. Bwana Tulloch nyuma anavutwa na waya kama mbuzi anayepelekwa sokoni. Wageni walipiga makofi mpaka basi.

Kwa hasira Bwana Tulloch akaamua: Mzee akistaafu, fuvu liende kwenye kabati la kioo mjini, sisi tupewe la plastiki lenye spika ndani. Spika! Ili punda asalimie watu. Mzee alivua kichwa kwanza, ndipo akamjibu.

"Mwanangu, ukiliweka kabatini, huyu punda atakuwa amekufa mara ya pili."

Wakabishana hadi wakakubaliana: siku ya pili ya Krismasi ya mwaka huu, kama kuna mtu anacheza chini yake, linabaki. Kama hakuna, gari linakuja kulichukua.

Na watu wenyewe wako wapi? Mpwa wake Rohan alijaribu. Msichana akamwita barabarani, punda akaitika. Mwingine alitaka kutoboa tundu ili sura yake ionekane kwenye simu. Wengine mnasema kinanuka. Ni kichwa cha punda, mlitegemea kinukie sabuni?

Mzee, asante. Kapumzishe magoti, kunywa rozela yako. Una maneno ya miaka arobaini na mbili humo kifuani. Yatoe taratibu, Mama Icilda asikukimbie.

Na wewe unayejipepea na programu hii, tufanye biashara. Jumamosi njoo kwa Mzee, ingia chini ya kichwa, cheza toka darajani hadi kanisani. Ukifika bila kusema neno, kichwa ni chako na karanga zangu unakula bure mpaka Pasaka. Ukifungua mdomo, unanunua mkokoteni mzima wa karanga, na Krismasi unakivaa vilevile, mpaka ujifunze kunyamaza.