Loishiye wa Sekei na Siku Zilizohesabiwa kwa Mlima

Ndugu wa Sekei, Kijenge na Themi, mlioacha migomba yenu mkaja, nisikilizeni mimi Bariki, mjomba wa marehemu. Mchungaji alitaka asome mwenyewe. Nilimwambia marehemu alijifunza kuhesabu kwenye vidole vyangu hivi, basi nitasoma mimi, ingawa shule niliishia kitabu cha kwanza, tena nusu yake.

Marehemu Loishiye Saning'o alizaliwa hapa Sekei, mtoto pekee wa mzee Saning'o aliyetangulia na dada yangu Nalepo. Kitabu cha ubatizo kinasema 1884. Huo ni mwaka wa kukisia. Sisi tunajua alizaliwa kwenye mvua za kwanza, miaka saba kabla ng'ombe hawajamalizwa na tauni. Akichunga mbuzi, aliutazama mlima Meru akawaambia wenzake kwamba wingu linapoufunika, kuna nchi nyuma yake. Mbuzi wakaingia shamba la watu. Fimbo alikula yeye, lakini nchi ile hakuiacha.

Alianza shule ya misheni Jumatatu tarehe 6 Februari 1905, mtu mzima mwenye ndevu katikati ya watoto. Mwalimu alipotundika kalenda ya Kijerumani ukutani, sisi wengine tuliona karatasi. Loishiye aliona kwamba kumbe hata siku zinapangwa na mtu. Akarudi nyumbani akapanga zake, za nchi yake, aliyoiita Ng'ambo ya Wingu. Sijaona mwingine aliyefanya hivyo kutoka hapa hadi pwani, na pwani nimefika.

Mwaka wa huko una miezi tisa, mwezi siku arobaini, wiki siku nane. Uko Mwezi wa Asali. Uko Mwezi wa Wakwe, ambamo mtu haruhusiwi kusema chakula kimekwisha. Wa mwisho ni Mwezi wa Kusahau, ugomvi wote unapozikwa. Siku ya nane ya wiki ni Siku ya Mjomba. Hiyo sikumwomba, aliona mwenyewe nastahili. Lakini sheria kubwa ni hii: siku ambayo kilele cha Meru hakikuonekana tangu asubuhi hadi jioni haihesabiwi. Haipo. Hakuna anayezeeka siku hiyo, hakuna anayeitwa kazini, hakuna anayekufa. Kilele kikichungulia, hata kidogo, marehemu alitia kokoto moja kwenye kibuyu. Dada yangu alikuwa akimcheka: "Huo mlima ndio utakulimia migomba?"

Tangu Januari 1907 alikuwa mpiga kengele wa kanisa letu, na kwa kazi hiyo alikuwa na kibuyu cha pili, cha siku za watu wote. Julai 1908, Mchungaji akiwa safarini Machame, alichanganya vibuyu. Jumapili ikapita kimya. Jumanne kengele ikalia, nasi tukaja wote na nguo safi. Mchungaji alirudi akatukuta tunaimba.

"Leo ni siku gani?" akauliza mlangoni.

"Jumapili, Mchungaji," tukajibu.

"Jumapili ya wapi?"

"Ya Ng'ambo ya Wingu," akasema Loishiye, kichwa chini. Mchungaji alicheka mpaka akakaa, kisha akavaa joho akahubiri. Mimi sikubahatika hivyo. Nilipoitwa na boma la Wajerumani kulima barabara, nilimweleza nyapara kwamba siku tano za mawingu hazikuwepo. Alinionyesha kwa kiboko kwamba zilikuwepo.

Alhamisi tarehe 14 Oktoba 1909 marehemu alifunga ndoa na Anyesi, binti wa mzee Saruni wa Kijenge. Siku ya kuposa mzee aliuliza, "Kwa kalenda yako hiyo, binti yangu atakula mwezi gani?" Marehemu akajibu, "Yote, baba." Na alitimiza. Mungu akawajalia Elinaza na Simaloi.

Ijumaa tarehe 4 mwezi huu mfereji wetu ulibomoka. Marehemu alisimama ndani ya maji ya baridi kutwa nzima akiuziba, wengine wakipokezana, yeye hakupokewa kwa sababu alikataa. Homa ikamwingia mapafuni. Tangu Jumapili tarehe 6 mlima nao ukafunikwa. Kila asubuhi aliuliza kama umeonekana, tukamwambia bado. Alikata roho Jumanne tarehe 15 Julai 1913, alasiri.

Jana tulikuwa tumechimba kaburi. Dada yangu akakaa ukingoni, kibuyu mapajani.

"Dada, inuka," nilimwambia.

"Mlima umeonekana?"

"Bado."

"Basi jana haikuwepo, na leo haipo. Mwanangu anakufaje siku isiyokuwepo?"

Mchungaji alivua kofia. Mimi mwenye jibu la kila kitu nikadanganya kwamba nilikiona kilele alfajiri. Akaniambia, "Uongo wako naujua tangu unanyonya." Hatukuzika. Tukamwachia siku yake.

Leo Alhamisi asubuhi nimetoka nje na wingu limepasuka. Nikamwita dada yangu. "Umeanza tena," akajibu kutoka ndani. Ikabidi Anyesi aingie amshike mkono: "Mama, njoo uone." Alikitazama kilele kwa muda mrefu, ni cheupe kwa baridi. Kisha akatafuta kokoto chini, yeye aliyezicheka miaka yote, akaitia kwenye kibuyu kwa mkono wake. Sote tuliisikia ikigonga.

"Andika," akaniambia. "Amekufa leo."

Ndiyo maana naandika mara mbili. Kwa watu wote, tarehe 15 Julai. Kwa hesabu yake mwenyewe, leo, siku ya nane ya wiki, katika Mwezi wa Kusahau. Siku ya Mjomba, jamani. Amenipa siku hii nzima, na sijui niiweke wapi.

Ameacha mama, Nalepo, ambaye tangu asubuhi kibuyu hakijatoka mkononi mwake, mjane, Anyesi, watoto wawili, Elinaza na Simaloi, na mjomba mmoja anayejisifu kwa ajili yake.

Pumzika, mwanetu, kwa amani ya Bwana. Na kila siku ambayo mlima hautaonekana, hatutakuhesabu miongoni mwa waliokufa.