Ziara Binafsi ya Nchi Kavu

Benchi lililo mbele ya kibanda changu cha ushonaji hapa Kibiti, kando ya barabara kuu iendayo Lindi, nililipiga misumari kwa ajili ya wateja. Mteja hajawahi kulikalia. Kila asubuhi lina wenyewe, na wenyewe wana majina yao. Badru tunamwita Kamusi, maana hakuna neno asilojua maana yake, hata lile lisilo na maana. Mfaume ni Mheshimiwa: aligombea uenyekiti wa mtaa akashindwa, cheo akakichukua hivyo hivyo. Na Mzee Mwinyimvua, mkulima wa korosho, Mmatumbi wa kule milimani, ni Nchi Kavu, kwa sababu hata kisima hukichungulia kwa mbali. Hemedy muuza kahawa akishatua dele lake hapo, mimi kazi imekwisha: mguu uko kwenye cherehani, masikio yako nje. Sasa juzi asubuhi Nchi Kavu akatokea amevaa kanzu ya Idi, na Idi ilikwisha pita zamani.

—Unaoa? aliuliza Kamusi.

—Napelekwa deltani.

Hemedy alikuwa anammiminia kahawa, kikombe kikafurika.

—Nani anakupeleka? Umekosa nini?

—Salima binti yangu. Si yuko Dar, kwenye kampuni ya kutembeza watalii? Wafanyakazi wanapewa safari moja ya familia. Katupa mimi na mama yake. Wanaiita ziara binafsi ya siku moja. Boti yetu wenyewe, nahodha, mwongozaji, chakula, kutoka Nyamisati mpaka Kiongoroni na kurudi. Gari linakuja asubuhi hii hii.

—Mashallah!

—Ngoja. Kasema nikiikataa hiyo safari, ataniletea bomba la mashine la kupulizia mikorosho. Niamue mwenyewe. Nimekuja mniambie, hii ziara ina faida au nichukue bomba?

Mtu mzima mwenye akili zake anakuja kuomba ushauri kwenye benchi langu! Nikaona nisinyamaze.

—Na mama Salima anasemaje? nilipaza sauti kutoka ndani.

Mzee alikizungusha kikombe kwanza. Mama Salima ni Bi Mwanaharusi, mzaliwa wa Kiongoroni, kisiwani kule delta inakoishia baharini. Wameoana tangu mimi sijajua kushika sindano, na mume huyu hajawahi kukanyaga kwa wakwe zake. Kila harusi, kila msiba, mama alikwenda peke yake, na mzee alituma salamu.

—Macho yake yanaondoka, alisema. Presha ya macho. Daktari kamwambia kilichokwisha kuondoka hakirudi. Sasa anasema anataka kunionyesha kwao angali anaona.

Hapo watu wenye haya wangesema nenda, wakaagiza kashata. Lakini hawa ni wa benchini.

—Chukua bomba, alisema Mheshimiwa. Delta haihami. Ule ugonjwa wa ubwiri unga ukishakula maua ya mikorosho, umekula.

—Na macho ya mkewe nayo hayahami? niliropoka.

—Fundi, wewe shona.

Kamusi akainua kidole.

—Tusikurupuke. Tulichambue neno. Ziara binafsi. Binafsi ni nini? Bi, nafsi. Nafsi ngapi hapo? Moja! Kwa hiyo mzee wangu, boti hiyo unapanda peke yako. Mama Salima habebwi.

—Peke yangu? Nchi Kavu aliruka kama kakalia sindano. Na yale maji?

—Na maji.

—Na mwongozaji?

—Mwongozaji yuko kazini, hahesabiwi nafsi.

—Halafu mwongozaji wa nini? alidakia Mheshimiwa. Mtu uko wilayani kwako unaonyeshwa njia! Wahenga walisema mgeni njoo, mwenyeji apone. Maana yake mgeni akija, mwenyeji akajifiche, apone.

—Naam. Na maji usiyoyafika hujui wingi wake. Sasa ukiyafika si utaujua? Na ukiujua utapata usingizi?

—Haupatikani hapo usingizi, alisema Mheshimiwa.

—Tena walimaliza kabisa, alisema Kamusi kwa sauti ya khatibu. Mwenda tezi na omo, marejeo ni ngamani.

—Ndiyo kusema nini hiyo? aliuliza Hemedy.

—Tezi si huu uvimbe wa shingoni? Omo unaijua, ya kufulia. Mwenye uvimbe wa shingo asisafiri na sabuni ya unga. Kule maji ya chumvi, hayatoi povu.

Mimi mama yangu ni mtu wa pwani, najua kwamba tezi ni nyuma ya chombo, omo ni mbele, na ngama ni ndani yake chini. Nilicheka mpaka uzi ukakatika. Lakini Nchi Kavu, maskini, alikuwa anajipapasa shingo.

—Mimi nimesikia, alisema Mheshimiwa akishusha sauti, mikoko ya kule inatembea. Ile mizizi unayoiona imesimama juu ya tope ni miguu. Jana ilikuwa hapa, leo iko ng'ambo. Ndiyo maana mwongozaji wa mwaka jana hafai mwaka huu.

—Na kuna kiboko wa maji chumvi, aliongeza Kamusi. Boti ya abiria haigusi, anajua ni wanyonge wenzake. Akiona binafsi, anakaa katikati ya mkondo anataka kujua nyinyi ni nani.

—Lahaula! alisema mzee. Niandikieni bomba.

Ndipo pikipiki ikasimama. Dadi huyo, tunayemwita Barafu, kijana anayepeleka barafu kwa wavuvi wa delta. Alimwamkia mzee, akachukua kikombe, akaelezwa shauri lote. Nilitegemea atacheka. Hakucheka.

—Mzee wangu, mimi kule naenda kila wiki. Nikuambie ukweli? Sijapaona.

—Unaendaje usipaone?

—Boti ya abiria haisimami. Imebeba saruji, kuku, magodoro, watu, na mimi hapo na barafu inayeyuka. Mnapita tu. Mikoko mirefu, mzee, imesimama huku na huku, njia ya maji inaingia katikati, inagawanyika, ile nayo inagawanyika, mpaka hujui mto ni upi. Nikimwambia nahodha simama kidogo, ananiambia ukitaka kusimama kodi ya kwako.

—Ehe!

—Siku moja ndiyo niliona. Maji yalikupwa, tukakwama kwenye fungu la mchanga. Ikabidi tusubiri yajae. Mwanangu, sio poa! Kila kitu kikanyamaza. Nikaona kumbe nyuma ya mikoko kuna mpunga, kijani, umeshiba. Bahari ile pale unaisikia inavuma, na mpunga huu hapa! Juu ya mpunga kuna madungu, vile vibanda vya miguu mirefu, wanakaa humo kulinda ndege na nguruwe. Watoto wako juu wanaimba, ndege wanaruka kama wingu. Sikujua kama hapa kwetu kuna kitu hicho.

Kamusi alisogea, akampisha Barafu akae. Sijawahi kumwona akifanya hivyo.

—Sasa mimi nina kiu, maji yangu yamekwisha. Kuna mama pale kwenye mtumbwi. Akachukua kata, akaiinamisha taratibu, taratibu, akaengua maji ya juu tu, kama unavyoengua malai ya maziwa. Akanipa. Nikasema huyu ananinywesha chumvi. Nikanywa. Wallahi, maji matamu! Maji baridi ya mto!

—Baharini?

—Hapo hapo. Nikanogewa, nikazamisha kopo langu mwenyewe mpaka kwenye kiwiko. Nikanywa, nikatema. Chumvi tupu! Yule mama akanicheka. Akasema maji ya mto yanalala juu ya maji ya bahari. Ukiwa na papara unayaamsha yote.

 Niliacha kushona. Lori la mkaa lilipita, hakuna aliyegeuka. Nilikuwa nawaza mto huu huu tunaouvuka kwa basi huku tunasinzia, unatoka huko kote, unafika baharini, unajilaza juu yake bila kuchanganyika, na kuna mtu anajua namna ya kuuchota.

—Subhanallah, alisema Mheshimiwa.

Nchi Kavu aliinamisha kichwa. Alisema polepole, kama anazungumza na kikombe.

—Mama Salima anachota hivyo.

—Anachota nini?

—Maji ya mtungini. Nyumbani. Hazamishi kata. Anaiinamisha, anaengua juu. Tangu nimemwoa. Nami namtania, namwambia hayo ni maringo ya kisiwani, chota maji yajae, mtu ana kiu. Anacheka tu. Nilijua ni maringo.

 Hemedy alikuwa na kikombe mkononi, hajui ampe nani.

Gari likasimama upande wa pili wa barabara. Akavuka mwanamume wa makamo, mweusi wa jua, kofia ya kiua kichwani, akatoa salamu nzuri tukaitikia.

—Naitwa Abdulswamadu, nahodha, natoka Kiongoroni. Namtafuta Mzee Mwinyimvua.

—Ndiye mimi.

—Twende mzee, tuwahi maji yasitukimbie. Na mwongozaji yuko wapi?

Tukatazamana.

—Si umekuja naye? aliuliza Kamusi.

—Mimi naendesha boti. Njia naijua, lakini nimeambiwa siku hii ya leo boti inakwenda anakotaka mwongozaji, inasimama anaposema. Bi Salima kasema mwongozaji yuko hapa hapa Kibiti. Bi Mwanaharusi binti Hashimu.

 Nchi Kavu alisimama, akakaa, akasimama tena.

—Mama Salima? Si haoni vizuri!

—Baba yake ndiye aliyemfundisha baba yangu ile mikondo, alisema Abdulswamadu, na mtoto aliyekuwa anakaa mbele ya mtumbwi ni yeye. Kwetu bado wanamtaja. Akatutazama mmoja mmoja pale benchini, bila ubaya, anataka kujua tu, akasema: Miaka yote hii yuko hapa kwenu. Hamjawahi kumwuliza kwao kukoje?

Kamusi alichungulia kikombe chake. Mheshimiwa alitazama barabara. Mimi mwenyewe nimemshonea yule mama magauni yasiyo na idadi, nimempima mabega na mikono, nimemwuliza anataka lasi au hataki. Basi.

Bi Mwanaharusi alitokea kwenye uchochoro wa nyuma, ushungi umefungwa vizuri, kikapu mkononi, anatembea akigusa ukuta kwa vidole. Akatoa salamu. Akamsikia Abdulswamadu akiitikia kwa lafudhi ya kwao, uso wake wote ukabadilika.

—Baba Salima, umeamua? aliuliza. Kama ni bomba, sema sasa, nisimcheleweshe mtu wa watu.

Mzee alimkaribia. Alisema mbele yetu sote, na sikudhani ningekuja kuyasikia haya kwa mtu wa kabila lake la ubishi.

—Naogopa, mama Salima. Nayaogopa yale maji.

—Najua. Tangu siku ya posa najua.

—Na wewe macho yako?

—Macho yangu yananisumbua huku kwenu. Kule nikisikia mkondo unavyogonga boti najua tulipo. Akageuza uso kuelekea barabarani, basi la Lindi likapita likivuma na kutumwagia vumbi. Akangoja lipite, akaendelea: Mimi barabara hii naiogopa tangu uliponileta. Kila siku ya Mungu. Hukuniuliza, nami sikukwambia, na kila siku nimevuka. Lete mkono.

Mzee akampa. Mama Salima akasikiliza kulia, akasikiliza kushoto, kisha wakavuka, yeye mbele, mumewe na kanzu yake ya Idi nyuma.