Bwana Jana, Aliyewangojea Watoto wa Wenzake

Mwisho wa mwezi huu, baada ya miaka thelathini na minne katika karakana ya hospitali yetu, fundi mkuu wa mitambo anastaafu. Wageni wanamjua kwa cheo hicho. Sisi wa wodini tunamwita Bwana Jana, na mwenyewe huitika.

Alianza kwa kutengeneza lifti na vitanda vilivyolegea. Siku moja alikuwa juu ya ngazi akibadilisha taa ya wodi ya mahututi, mama mmoja akakata roho huku bintiye, aliyesafiri kutoka mbali, yuko getini anatafuta chenji ya teksi. Fundi alishuka bila kumaliza kufunga taa. Kwa miaka iliyofuata alijifungia na nyaya, sumaku na vyuma chakavu, watu wakisema amerukwa na akili, hadi akatuletea Kingojeo.

Ni mtambo wa ukubwa wa kabati, umesimama katika chumba cha mwisho cha korido. Ukiwashwa na mlango wa chumba ukafungwa, ndani ikipita robo saa, nje inapita siku nzima. Hauponyi, wala haumwongezei mgonjwa hata pumzi moja. Unawapa tu walio njiani nafasi ya kufika. Siku ya majaribio fundi aliingia na kikombe cha chai, akatoka kesho yake chai ingali ya moto. Mama wa usafi aliionja, akatupa ndoo na kukimbilia jikoni akipiga kelele, "Jamani, yule si mtu!" Baadaye ndiye aliyekuwa wa kwanza kumwombea mzazi wake nafasi.

Lakini mtambo huo unataka mkono wa mtu kwenye kishikio chake muda wote, na kwa miaka mingi mkono ulikuwa wake. Alikigeuzia kiti chake ukutani, ili familia ikifika isione mgeni. Marehemu mume wangu alipokuwa akimngoja kijana wetu, alishikwa na kiu. Fundi alimnywesha maji kwa mkono mmoja, wa pili haukuachia kishikio. Kijana alifika. Walishikana mikono wakiwa bado wanajuana.

Jina la Bwana Jana lilitokana na mazoea yake ya kutoka humo akiendeleza mazungumzo ya juma lililopita. Alikuwa akimkuta mpishi na kumwuliza habari za mechi ambayo hata walioshinda walikwisha kuisahau. "Bwana Jana," mpishi humjibu, "kocha mwenyewe ameshafukuzwa!"

Nyumbani kwake mzaha huo ulikuwa na uchungu. Alimnunulia bintiye viatu kwa kipimo alichokikumbuka, na kila mara vikawa vidogo. Binti alijifunza kusema, "Asante, baba," kisha akampa mdogo wake. Na mwaka ule alipokuwa ndani akiwangojea watoto wa mzee mmoja, mama yake mwenyewe alifariki. Watoto wa mzee walifika. Yeye alipotoka, mama alikuwa ameshazikwa. Tulimwambia pale pale mlangoni. Alinawa mikono, akauliza kaburi liko wapi.

Hapo ndipo alipotufundisha sisi wauguzi kushika kishikio kwa zamu, akakataza mtu yeyote kuingia mara mbili kwa mwezi. Kanuni hiyo imetulinda sote isipokuwa yeye, kwa sababu kila palipokosekana mtu, aliingia.

Majuzi alipofuata karatasi zake za kustaafu, ofisi ya utumishi ilimrudisha mlangoni: "Kijana, mwambie baba yako aje mwenyewe." Karatasi zinasema ana miaka sitini, kichwani hana mvi. Tulicheka, yeye pia. Ila mkewe, aliyelingana naye umri siku ya ndoa, sasa watu humwita mama yake.

Moyo wa mke huyo umechoka, na daktari hakuwaficha kwamba muda wake si mrefu. Uongozi ulikuwa umemwomba fundi abaki kwa mkataba. Kwa mara ya kwanza tangu tumjue, alikataa. Mkurugenzi alikwenda kwao kumbembeleza, na kwa nia njema akamwahidi mkewe kitanda katika chumba kile. Mama alimcheka.

"Kwani tutamngoja nani, mwanangu? Watoto wote hawa hapa sebuleni. Aliyekuwa hajafika ni huyu mume wangu."

Ndiyo maana sherehe yetu ina hotuba moja tu, na keki tutaikata fundi akishaondoka. Mkewe hawezi kupanda ngazi za mlangoni. Atabaki garini mbele ya mapokezi. Wenzangu, mkishampa mkono, mwachieni.

Asante, Bwana Jana, kwa niaba ya wote waliowahi. Tunawaombea ninyi wawili siku za kawaida, zenye asubuhi na jioni zake zote. Haya, nenda.