Sijui Saba za Mama Euphrasie

Wasikilizaji wapendwa, kila asubuhi Mama Euphrasie Onema alivuka Lualaba kwa mtumbwi kutoka Alunguli. Alifungua ofisi ya mahakama, akafuta vumbi kwenye mashine yake ya kuandikia kwa kipande cha kitenge, kisha akala karanga kidogo kabla ya kazi. Asubuhi moja ya mwaka 1999, karanga zikiwa bado kiganjani, askari waliusukuma mlango. Walikuwa na mtu aliyefungwa kamba mikononi.

"Mama karani, andika," komanda alisema. "Huyu ameua baba yake. Amekubali. Ni kazi ya dakika tano tu."

Mama Euphrasie alifariki Jumanne iliyopita, hapa Kindu, akiwa na miaka sabini na mmoja. Alikuwa karani wa mahakama kwa miaka thelathini. Hakuwa hakimu. Hakuwa wakili. Alikuwa karani, na leo tunamkumbuka karani.

Mtu yule wa kamba aliitwa Kalume, mkulima wa kijiji cha Tunda. Baba yake, mzee Hamadi, alikutwa shambani amekatwa panga, amekufa. Wiki hiyo mzee alikuwa amegombana na mtoto wake mdogo, Joël, na majirani wote walisikia kelele. Lakini askari walipofika kumtafuta Joël, Kalume, mtoto wa kwanza, alisimama mbele yao.

"Mimi njo nilimuua," alisema.

Kwao, kosa likitokea nyumbani, mtoto wa kwanza husimama na kulichukua. Wazee wanakaa, mbuzi wanatolewa, maneno yanaisha. Kalume alidhani itakuwa hivyo. Hakujua kwamba mahakama ya wenye silaha walioshika mji wakati ule haikutaka mbuzi. Kwa maneno yale matatu, ilikuwa tayari kumhukumu kifo.

Wakati ule makarani wengi waliyafupisha majibu ya mshtakiwa kuwa sentensi moja ya Kifaransa: anakubali makosa yote. Kisha mshtakiwa aliweka kidole chenye wino, basi. Mama Euphrasie hakuandika hivyo. Aliandika swali, akaandika jibu, kwa Kiswahili kilekile cha mwenye kujibu.

"Ulimukata na mupanga ya nani?"

"Sijui, Mama."

"Alianguka kwa tumbo ao kwa mugongo?"

"Sijui."

"Alikuwa amevaa nini?"

"Mama, si nimeshakubali? Andika tu!"

"Baba yangu, weye umekubali. Miye njo bado."

Aliendelea kuuliza. Kwenye karatasi ile kulikuwa na "sijui" saba. Komanda aliisoma akakasirika. "Hizi sijui zote ni za nini? Zitoe!"

"Komanda, zimetoka kwa kinywa yake. Nikizitoa, nitakuwa nimeandika mutu mwingine."

Wakamletea karatasi fupi, tayari imeandikwa. Akakataa kuweka sahihi. Na bila sahihi ya karani, hukumu haikuweza kusomwa. Wakamfungia siku nne. Siku nne, wasikilizaji, huku watoto wakimngoja ng'ambo ya mto.

Siku ya tano hakimu wa mahakama ile, akiwa bado hana sahihi, aliiomba karatasi ndefu aisome mwenyewe. Alizisoma zile sijui saba. Akatuma watu Tunda. Huko wanawake wawili walieleza jambo ambalo hakuna aliyewauliza: waliona watu wageni wenye silaha wakitoka shambani na mbuzi wa mzee. Joël, siku mzee alipouawa, alikuwa mbali, Kibombo, akiuza mpunga. Kalume alifunguliwa kamba, na Mama Euphrasie naye akaachiliwa.

Mlangoni mwa mahakama, Mama alimuuliza Kalume, "Sasa, kwa nini ulisema ni weye?" Kalume akamnong'oneza. Mama akatikisa kichwa. "Maneno hayo si yangu. Mupelekee ndugu yako."

Tangu hapo, kila walipokutana sokoni, salamu yao ilikuwa moja.

"Umeshamwambia?"

"Bado, Mama."

"Miaka inaenda, weye!"

"Na Mama pia anazeeka."

Wauza samaki walicheka bila kujua wanachekea nini.

Binti yake, Arielle, aliniambia: "Hata sisi nyumbani tulipata shida. Mutu akisema haraka, 'Ni miye nilimwaga mafuta,' Mama anauliza: ulimwagia wapi? Kopo ilikuwa ya rangi gani? Tulikuwa tunaona afazali tuchapwe!"

Kwako Arielle, na kwa familia yote ya Onema, poleni sana. Mungu amweke mahali pema. Na sisi tunaobaki, tunapomsikia mtu wa familia akisema "ni mimi", tujiulize tumemsikiliza kweli, au tumefurahi tu kwamba kazi imeisha. Mtu akishauawa, hakuna karatasi ndefu itakayomrudisha.

Jumamosi nilikuwa matangani. Kalume, sasa mwenye mvi, alikaa karibu na Joël kwenye mkeka mmoja. Wakati wa kutoa shukrani alisimama.

"Leo hakuna wa kuniuliza," alisema.

Kisha akamgeukia mdogo wake.

"Joël, siku ile nilifikiri ni weye. Njo maana nilisema ni miye. Sikutaka wakuue. Unisamehe, mudogo wangu, nilikufikiria vile."